Mahjub bin Adam: Mswahili Aliyepotelea Nyuma ya Pazia la Sinema ya Wajerumani

Kiswahili kina kitenzi ambacho sisi walimu wa sarufi hupenda kukitumia tunapofundisha kauli ya kutendesha: kuigiza. Shina lake ni kuiga, yaani kufanya kama afanyavyo mwingine. Anayeiga hufanya kwa hiari yake, lakini anayeigizwa huwekewa na mwingine cha kuiga. Ndiyo maana jukwaani na katika sinema swali la kwanza si nani anaigiza vizuri. La kwanza ni hili: nani ameamua kiigizwe nini?

Nimelikumbuka swali hilo kwa sababu ya mtu mmoja ambaye wapenzi wa Kiswahili hawamtaji inavyostahili, ingawa alizaliwa katika mji wetu mkuu wa pwani, alifundisha lugha yetu katika chuo kikuu cha Berlin, na alionekana katika filamu za Kijerumani zaidi ya 20. Jina alilopewa na wazazi wake ni Mahjub bin Adam Mohamed. Katika hati za Ujerumani anaitwa Bayume Mohamed Husen.

Wanaosoma historia ya maonyesho ya Wajerumani wa zama zile hukutana kwanza na nyota wa kike: waigizaji wa jukwaa waliohamia kwenye sinema, wenye majina yaliyoandikwa kwa herufi kubwa juu ya milango ya kumbi. Nami nitawataja wawili. Lakini nitawataja ili tuwatazame walio nyuma yao, hasa yule mtumishi mweusi anayepita na sinia mkononi, kamera ikimwacha kabla hajafunga mlango.

Mwana wa efendi

Mahjub alizaliwa Dar es Salaam tarehe 22 Februari 1904. Mwaka huohuo Wajerumani walianza kugawa rupia yao katika sarafu 100 ndogo zilizoitwa Heller. Msomaji ameshatambua mzizi wa neno “hela”. Dola ya Mdachi ilikwisha kuondoka, sarafu yake ikayeyushwa au ikazikwa ardhini, lakini hadi leo muuza kabichi wa Magamba ataiulizia hela yake pasipo kufikiri kwamba anatamka Kijerumani. Neno “shule” nalo lina asili hiyohiyo. Lugha hupokea wageni na kuwapa uraia bila kuwadai hati. Tutaona kwamba Berlin haikuwa na ukarimu wa namna hiyo.

Baba yake, Adam Mohamed, alikuwa askari mwenye asili ya Sudan na alifikia cheo cha efendi. Wasudan waliletwa na Wissmann mwaka 1889 kutoka Misri ili kupigana na Abushiri bin Salim na watu wa Mrima, vita ambavyo Hemed bin Abdallah alivitungia utenzi mashuhuri wa kuingia kwa Wadachi. Kwa hiyo Mahjub alizaliwa upande wa pili wa utenzi ule. Hakuwa mtoto wa waliovamiwa tu. Alikuwa mtoto wa mtumishi wa wavamizi, aliyelelewa kambini, akajifunza Kijerumani mapema, kisha akawa karani katika kiwanda cha nguo huko Lindi.

Vita vilipozuka mwaka 1914 alikuwa na miaka 10. Baba na mwana wakaingia jeshini pamoja. Mtoto alifundishwa kazi ya kupeleka ishara. Mnamo Oktoba 1917 alijeruhiwa huko Mahiwa, karibu na Lindi, katika pigano lililokuwa miongoni mwa mapigano makali kuliko yote yaliyotokea katika nchi hii, akaangukia mikononi mwa Waingereza akiwa mateka. Alikuwa na umri wa miaka 13. Siku hizi tungemwita askari mtoto. Wakati ule aliitwa mwanafunzi wa ishara.

Baada ya vita alifanya kazi melini, kwanza boi, kisha mhudumu wa meza katika meli za shirika la Wajerumani la Afrika Mashariki. Meli hizo zilipita Tanga na Dar es Salaam, mji wake wa kuzaliwa, ambao sasa ulikuwa chini ya bendera nyingine.

Hela za deni

Mwaka 1929 Mahjub alishuka Ujerumani, akaenda Berlin na shauri lililo wazi kabisa. Alitaka alipwe mshahara wa vita, wake na wa baba yake. Wizara ya Mambo ya Nje ilimjibu kwamba amechelewa, muda wa madai umepita. Mtu aliyemwaga damu akiwa na miaka 13 aliambiwa kwamba hakuzingatia kalenda.

Hakurudi. Alipata kazi ya mhudumu katika Haus Vaterland, jumba kubwa la starehe karibu na Potsdamer Platz. Jumba lile nalo lilikuwa jukwaa. Kila ukumbi ulipambwa mfano wa nchi fulani: huku mkahawa wa Kituruki, kule baa ya wachunga ng'ombe wa Marekani, na pengine mandhari ya mto Rhine ambako dhoruba ya bandia ya radi na mvua ilipigwa mara kwa mara kuwafurahisha wanywaji. Wahudumu walivaa kulingana na ukumbi. Mahjub, mzaliwa wa Mzizima, aliwekwa katika baa ya Wamarekani. Hilo ndilo lilikuwa igizo lake la kwanza. Mzungu mlevi alihitaji mtu mweusi wa kukamilisha picha, na kama mtu huyo alitoka Lindi au Louisiana hakuna aliyeuliza.

Januari 1933 alimwoa Maria Schwandner, mwanamke wa asili ya Bohemia. Mwezi ule haukuisha kabla Hitler hajashika serikali. Sheria za mbari zilizotangazwa Nuremberg mwaka 1935 zilikuja kupiga marufuku ndoa za namna ile. Ndoa yao ilisalimika kwa kuwa ilitangulia, lakini kuanzia siku ile waliishi kama watu waliokaa chini ya mti ulioanza kukatwa. Mwaka uleule wa 1935 alipoteza kazi katika Haus Vaterland baada ya wafanyakazi wenziwe kumchongea.

Mwalimu wa Kiswahili

Hapa wapenzi wa lugha tusogee karibu. Katika miaka ya 1930 Mahjub alifundisha Kiswahili katika Chuo Kikuu cha Friedrich-Wilhelm, ambacho leo huitwa Humboldt, chini ya mtaalamu wa lugha za Kiafrika Diedrich Westermann. Alilipwa kidogo. Hakuitwa mhadhiri kamili. Wazungu walifundisha sarufi, yeye akaombwa atoe sauti, matamshi na mifano. Miongoni mwa wanafunzi wake walikuwamo polisi waliokuwa wakiandaliwa kwa siku ambayo Ujerumani ingerudishiwa makoloni yake.

Kazi hiyo ilikuwa na historia yake. Seminari ya Lugha za Mashariki ilianzishwa Berlin mwaka 1887, na tangu mwanzo iliwaita Waswahili wawe wasaidizi wa walimu. Aliye maarufu zaidi ni Mtoro bin Mwinyi Bakari wa Bagamoyo, aliyefika mwaka 1900. Habari alizoandika na kukusanya zilitolewa na Carl Velten mwaka 1903 kwa jina la Desturi za Wasuaheli. Kila anayetaka kujua harusi, ngoma, tiba na adabu za watu wa Mrima wa zamani bado hukifungua kitabu kile. Mtoro alimwoa Mjerumani mwaka 1904. Mwaka uliofuata alijaribu kurejea naye nyumbani, wakuu wa koloni wakakataa mume na mke wale wasiishi nchini, ikambidi arudi Ulaya. Alifariki Berlin mwaka 1927, miaka miwili kabla ya Mahjub kufika.

Watu wawili, mji mmoja, kazi moja, kosa moja: kufundisha lugha kwa watu waliotaka maneno bila wenye maneno. Mtoro ametuachia kitabu. Mahjub hakuacha hata kijitabu. Alichoacha ni picha zake katika filamu.

Waliosimama mbele na waliosimama nyuma

Filamu ya kwanza kubwa aliyoonekana ni Die Reiter von Deutsch-Ostafrika, “Wapanda Farasi wa Afrika Mashariki ya Kijerumani”, iliyoongozwa na Herbert Selpin mwaka 1934. Inahusu walowezi wa Kijerumani wa nchi hii wakati wa vita vya 1914. Mke wa mlowezi aliigizwa na Ilse Stobrawa, mwigizaji wa jukwaa na wa sinema. Yeye ndiye moyo wa hadithi: mwanamke anayebaki shambani, anayengoja, anayestahimili. Kamera humpa muda wa kufikiri. Uso wake husogezwa karibu ili mtazamaji alie naye.

Mahjub alipewa nafasi ya mwanafunzi wa ishara aitwaye Mustapha. Msomaji alitafakari jambo hilo. Mtu wa miaka 30, aliyekuwa kweli mwanafunzi wa ishara katika vita vilevile, aliyejeruhiwa kweli, aliyenyimwa mshahara wake kweli, alilipwa na kampuni ya filamu ili ajiigize utotoni mwake, lakini kwa namna ambayo mwandishi Mjerumani alidhani mtoto yule alikuwa. Serikali ilikataa kumlipa kwa vita halisi. Sinema ilikubali kumlipa kwa vita vya kuigiza. Mwaka huohuo wa 1934 maombi yake ya nishani ya wapiganaji wa mstari wa mbele yalikataliwa. Akajinunulia nishani mwenyewe akazivaa. Mavazi ya jeshi aliyovaa mbele ya kamera yalikubalika. Alipoyatamani barabarani, aliambiwa si yake.

Katika filamu hiyohiyo alikuwamo Louis Brody, Mkameruni aliyezaliwa Douala, mwigizaji mweusi mashuhuri kuliko wote katika Ujerumani ya wakati ule. Naye aliigiza mtu aitwaye Hamissi. Hivyo Mkameruni aligeuzwa Mswahili, kama Mswahili alivyogeuzwa Mmarekani katika ile baa. Kwa macho ya waliotengeneza filamu, weusi ulikuwa vazi moja linalomtosha kila mtu.

Mwaka 1937 ilitoka Zu neuen Ufern, “Kuelekea Pwani Mpya”, ya mwongozaji Detlef Sierck. Filamu hiyo ndiyo iliyompandisha Zarah Leander kileleni. Alizaliwa Uswidi, akatokea kwenye jukwaa la nyimbo, na kwa sauti yake nzito ya chini akawa nyota ghali kuliko nyota wote wa sinema ya Kijerumani. Mahjub yumo pia katika filamu ile, kwa nafasi ndogo, kama alivyokuwa katika nyingine nyingi baada yake. Mara ni mtumishi, mara ni mpagazi, mara ni mtu tu anayesimama nyuma ya wenye maneno.

Tulinganishe safari za watu wawili waliopita katika filamu moja. Mwongozaji Sierck, ambaye mkewe alikuwa Myahudi, aliondoka Ujerumani mwaka uleule, akaenda Marekani na kupata sifa mpya kwa jina la Douglas Sirk. Leander aliondoka mwaka 1943 akarudi kwao Uswidi, akaishi hadi 1981, akiimba. Wote wawili walikuwa na mahali pa kwenda. Mahjub alikuwa na nini? Nchi aliyozaliwa ilikuwa chini ya Uingereza, adui wa Ujerumani. Nchi aliyoitumikia ilimhesabu kuwa mgeni asiye na uraia. Waswahili husema mkosa kitoweo humangiria. Basi na mkosa kwao hushikamana na pale alipo, hata kama panamchoma.

Ramasan na Mkono wa Damu

Mwaka 1941 ilionyeshwa Carl Peters, filamu ya Herbert Selpin tena, nyota wake akiwa Hans Albers. Mwanafunzi yeyote wa historia wa kidato cha pili anamjua Peters. Ndiye aliyezunguka Uzigua, Unguu, Usagara na Ukami mwishoni mwa 1884 akiwatilisha machifu alama kwenye karatasi zilizoandikwa lugha wasiyoisoma. Ndiye aliyewanyonga mtumishi wake Mabruk na mwanamke Jagodja kule Kilimanjaro, hata serikali yake ikamfukuza kazi mwaka 1897. Wenyeji walimwita Mkono wa Damu. Utawala wa Hitler ulimsafisha, ukamfanya shujaa aliyeonewa na wanasiasa.

Ili kupata Waafrika wa kujaza picha, watengenezaji walitoa kambini mateka weusi waliokamatwa wakipigania Ufaransa. Mahjub yeye alipewa nafasi kubwa kuliko zote alizowahi kupata: Ramasan, mtumishi mwaminifu wa Peters. Mtoto wa Dar es Salaam akaigiza upendo kwa Mkono wa Damu, mbele ya wafungwa waliovishwa uhuru wa siku moja.

Filamu ilionyeshwa Machi. Mwaka huohuo kazi yake ya chuo kikuu ikakoma. Mnamo Agosti Gestapo walimkamata kwa shutuma ya kuwa na mapenzi na mwanamke Mjerumani, jambo ambalo waliliita kuinajisi mbari. Hakufikishwa mbele ya hakimu. Alipelekwa Sachsenhausen, kambi ya mateso kaskazini ya Berlin, akakaa humo miaka mitatu na zaidi, akafa tarehe 24 Novemba 1944, akiwa na umri wa miaka 40.

Selpin naye hakuiona salama. Alitamka maneno ya kulikashifu jeshi, akakamatwa, na tarehe 1 Agosti 1942 akakutwa amekufa chumbani mwa mahabusu. Filamu ile ya wapanda farasi ilikwisha kupigwa marufuku na utawala uleule uliovipenda vita, na baada ya 1945 washindi wakaipiga marufuku tena. Mwenye kuchezea moto wa bwana huungua kwa zamu yake. Tofauti ni kwamba kifo cha Selpin kiliandikwa mara moja katika historia ya sinema, lakini cha Mahjub kilingoja zaidi ya miaka 60. Mtafiti Marianne Bechhaus-Gerst alitoa kitabu cha maisha yake mwaka 2007. Mwaka huohuo kibao kidogo cha shaba kiliwekwa chini barabarani mbele ya nyumba aliyoishi, Brunnenstraße 193, Berlin. Wajerumani huviita vibao hivyo mawe ya kujikwaa. Mwaka 2013 mwongozaji Eva Knopf alitengeneza filamu ya safari yake, akikusanya vile vipande vya sekunde chache vya mtumishi anayepita, hadi mtumishi akawa mhusika mkuu.

Je, huyu ni wetu?

Najua baadhi ya wasomaji wameanza kutikisa vichwa. Watauliza: mtu aliyepigana chini ya Mdachi, aliyesimama katika mikutano ya wadai makoloni, aliyewafundisha lugha yetu polisi waliotaka kuja kututawala upya, aliyeomba kujiunga na jeshi la Hitler mwaka 1939 akakataliwa, kweli tumlilie? Watanikumbusha Maji Maji. Watasema askari wa aina ya baba yake ndio waliochoma mashamba ya Wangoni na Wamatumbi.

Swali ni la haki, na sitalijibu kwa kulipaka sukari. Mahjub hakuwa mpigania uhuru. Aliamini, au alihitaji kuamini, kwamba uaminifu hulipwa. Pengine ndilo jambo lililomuua. Alidhani kuna mkataba kati yake na Ujerumani: nimekutumikia, nawe unilinde. Ujerumani haikuwahi kutia sahihi. Machifu wa Usagara walitiwa katika mkataba wasioujua, na Mahjub akaishi katika mkataba ambao upande wa pili haukuujua. Udanganyifu ni uleule, ulioandikwa kinyumenyume.

Fasihi yetu ina nafasi ya watu wa namna hii. Ushairi wa Kiswahili haujawahi kuwa wa mashujaa tu. Tenzi zetu zimeandika walioshinda, walioshindwa, waliohama upande na walioponzwa na tamaa, na mtunzi hodari huwahukumu bila kuwafuta. Utenzi wa Vita vya Maji Maji wa Abdul Karim bin Jamaliddini umetuwekea vita vya kusini. Shaaban Robert, aliyezaliwa karibu na Tanga mwaka 1909, miaka mitano tu baada ya Mahjub, alitunga utenzi mrefu wa vita vya 1939 hadi 1945. Fikirini: zama zilezile mzee wetu alipokuwa akipima mizani juu ya vita vya Hitler, Mswahili wa rika lake alikuwa amefungwa kambini kwa Hitler, na mtunzi hakuwa na njia ya kujua. Sisi tunajua. Udhuru wetu uko wapi?

Nayasema haya nikiwa Magamba, juu ya mji ambao Wajerumani waliuita Wilhelmstal, Bonde la Wilhelm, kwa heshima ya mfalme wao. Jina lile lilikufa, Lushoto ikabaki. Lakini kuna jambo la Usambara ambalo halikurudi. Misitu yetu ina ua dogo la zambarau linalopenda kivuli na unyevu wa miamba. Ofisa Mjerumani, Walter von Saint Paul-Illaire, alilipeleka kwao, na mwaka 1893 mtaalamu wa mimea akalipa jina la kisayansi la Saintpaulia. Leo linauzwa katika vyungu dunia nzima, na kwa kawaida anayelimwagilia dirishani hajui Usambara iko wapi. Ua lilihamishwa, likabadilishwa jina, likapambia vyumba vya watu. Mahjub naye alihamia, akaitwa Bayume, Husen, Mustapha, Ramasan, akapambia picha za watu. Ila ua walilitunza.

Turudi kwenye jina lake la kwanza, maana ndilo lililonifanya niandike. Mahjub ni neno la Kiarabu, nalo lina mzizi mmoja na neno hijabu tulilolizoea. Maana yake ni aliyefunikwa, aliyewekewa pazia. Wazazi humpa mtoto jina hilo kwa dua njema, afichwe na macho mabaya. Dunia ikalitimiza vingine. Amefichwa na sisi tuliopaswa kumwona kwanza.

Nawaachia washairi beti tatu za kuanzia. Si utenzi, utenzi nauomba kwenu wenye pumzi ndefu kuliko yangu.

Mahjubu u mwana wetu, mzawa wa kule pwani,
Ukenda nchi za watu, kudai hela za deni,
Ukaigizwa si utu, kwa nguo za utumwani,
Toka nyuma ya pazia, tukujue kwa jinalo.

Sikusifu kwa silaha, uloibeba mtoto,
Wala kwa yako madaha, na nishani za mapito,
Nalilia yako jaha, iloteketea moto,
Toka nyuma ya pazia, tukujue kwa jinalo.

Ni mimi huku Magamba, mlima wenye ukungu,
Washairi nawaomba, mjazie beti zangu,
Jina bila ya kuimba, hufutika ulimwengu,
Toka nyuma ya pazia, tukujue kwa jinalo.